Sura ya Saba: Kigaga cha Mgongoni

Bibi Cheon Mal-sun alikiri kabla hajaulizwa.

"Nimemuua," alisema. "Mimi ndiye niliyemchoma. Andika."

Inspekta Pyo Seong-gil hakuandika. Alivuta kiti, akakaa, akaweka picha tatu mezani kifudifudi. Koplo Ma, aliyekuwa nyuma ya taipureta, aliinua vidole viwili hewani na kuviacha hapo akimsubiri mkubwa wake.

"Jina lako kwanza, bibi."

"Unalijua. Umeniita nalo pale mlangoni."

"Koplo Ma halijui."

"Huyu?" Bibi Cheon alimtazama kijana. "Huyu alikaa tumboni kichwa juu, miguu chini. Nilimchoma mama yake kidole kidogo cha mguu, akageuka. La sivyo angekuja duniani kwa matako."

Koplo Ma akakohoa. "Ni kweli, afande. Mama husema hivyo."

"Andika jina," Pyo alisema.

Kazi ya Bibi Cheon ilikuwa kuchoma pakanga. Majani makavu ya pakanga hutwangwa yakawa laini kama pamba, yakafinyangwa vidonge vidogo. Kidonge huwekwa juu ya ngozi, penye maumivu, na kuwashwa kwa kijiti cha ubani. Huungua hadi chini. Mgonjwa huuma meno, maumivu huondoka, alama hubaki. Katika kijiji cha Gamnae hapakuwa na mzee ambaye mgongo wake haukuwa na alama za Bibi Cheon. Leseni hakuwa nayo, na sheria ilisema wazi kwamba mtu anayetibu bila leseni, mgonjwa wake akafa, ni mtu wa jela.

Mgonjwa wake alikuwa amekufa. Alikuwa Bibi Noh Bun-i, jirani yake na rafiki yake, aliyelazwa katika hospitali ya wilaya akiwa na homa kali na kuzikwa juma hilohilo. Daktari alisema jeraha la moto lilioza na sumu ikaingia kwenye damu. Mwana wa marehemu ndiye aliyeleta mashtaka.

Pyo aligeuza picha ya kwanza. Ilikuwa mgongo wa marehemu, alama zimepangana pande zote mbili za uti kama vifungo vya koti.

"Hizi?"

"Zangu."

Picha ya pili ilikuwa ya miguu. "Zangu." Ya tatu ilionyesha tumbo la chini, upande wa kulia, pale ambapo mkanda wa suruali hukaza. Palikuwa na kigaga kimoja cheusi, ukubwa wa punje ya haragwe, kimezungukwa na wekundu.

"Na hii?"

"Yangu."

"Ulimchoma lini hapa?"

"Sikumbuki. Nimemchoma mara nyingi."

"Kwa ugonjwa gani?"

"Tumbo."

"Mtu akiumwa tumbo unamchoma hapa? Upande mmoja tu?"

Bibi Cheon aliisogeza picha karibu na macho, akaisogeza mbali. "Macho yangu ni mabovu. Ikiwa iko juu yake, ni yangu. Nani mwingine wa kumchoma?"

Uso wake ulikuwa mwekundu, midomo imekauka. Pyo alimsogezea kikombe cha maji ya shayiri. Hakukigusa.

"Mpeleke chumbani," alimwambia Ma. "Washa moto wa chini ya sakafu."

Kwenye korido Eom Gi-taek alikuwa akisubiri amesimama. Alikuwa karani mkubwa katika ofisi ya wilaya, mwana pekee wa marehemu, na kitambaa cha msiba cha katani kilikuwa bado kimebanwa kifuani mwake kwa pini.

"Amekiri?"

"Amekiri."

"Sasa mnamnywesha chai ya nini? Mpelekeni kwa mwendesha mashtaka."

"Siku hizi za karibuni mama yako alitoka kwenda mahali?"

"Aende wapi? Nyumbani, kwa huyo mchawi wake, nyumbani." Gi-taek alicheka bila furaha. "Na daktari naye aliniuliza upuuzi huohuo. Ati mama alipanda makaburini kufyeka nyasi? Nikamwambia, daktari, ukoo wa Eom una wanaume. Makaburi yetu nimeyafyeka mimi na binamu zangu kabla ya sikukuu ya mavuno, kama watu. Mwanamke ashike mundu kaburini? Kijiji kizima kingesema ukoo wetu umekufa."

"Kwa nini daktari aliuliza hivyo?"

"Muulize yeye. Mimi nimemzika mama yangu, Inspekta. Sina muda wa maswali ya nyasi."

Pyo alikwenda kumuuliza.

Daktari Yeo alikuwa anakula tambi kwenye bakuli la bati, amesimama dirishani. Hakuliweka chini.

"Homa ya utitiri," alisema. "Niliifikiria siku ya kwanza. Unaijua?"

"Eleza kama siijui."

"Kwenye nyasi kuna utitiri. Sisemi wale wakubwa. Nasema vibuu vyao, vidogo kuliko nukta ya kalamu. Hupanda kwenye majani vikangoja panya apite. Akipita mtu badala ya panya, basi ni mtu. Vinatafuta penye joto, kinenani, kwapani, chini ya mkanda, vinang'ata, vinaondoka. Mwenyewe hasikii. Siku zinapita, homa inakuja, kichwa kinapasuka, vipele vinatoka. Na pale palipong'atwa panabaki kigaga cheusi."

Pyo alimwonyesha picha ya tatu. "Kama hiki."

"Kama hicho. Na kama alama ya pakanga iliyochomwa juzi. Ndiyo maana nikauliza. Huku kwetu wanaoipata ni wale waliokwenda kufyeka makaburi, wote, kila mwaka. Nikamuuliza mwanawe kama mama alipanda makaburini. Akasema hapana, akanitazama kama nimemtukana. Basi. Mwanamke mwili mzima una alama za moto, kigaga kimoja zaidi ni kitu gani?"

"Kilikuwa na usaha?"

"Kipi?"

"Kidonda kilichooza."

Daktari Yeo aliacha kutafuna.

"Kilikuwa kikavu," alisema.

"Kimeoza, na ni kikavu."

"Inspekta, mimi sikufundishi kukamata wezi."

"Bado hujajaribu," Pyo alisema, akachukua picha yake.

Aliporudi kituoni, Mama Yong-ju, mpishi, alimpokea mlangoni akiwa na taulo lililolowa maji.

"Afande, yule bibi yako anaungua kama jiko. Kondoo wa kuchinjwa ana nafuu. Nimemvua nimpanguse, si mtu yule, ni mifupa. Na uchafu! Wachomaji hawa wanachoma watu halafu wanajichoma wenyewe. Ana kigaga mgongoni, cheusi, kikubwa hivi."

"Mgongoni wapi?"

Mama Yong-ju alipeleka mkono nyuma ya mgongo wake, ukaishia njiani. Akajaribu kwa kupitia begani, ukaishia njiani. Akamkamata Koplo Ma aliyekuwa anapita, akamgeuza, akamdunga kidole katikati ya mabega.

"Hapo."

"Aa! Mama!"

"Nyamaza, naonyesha kazi ya serikali."

"Jionyeshe wewe mwenyewe," Pyo alisema.

"Nimeshajaribu mbele yako. Sifiki."

"Naye hafiki."

Mama Yong-ju alimtazama. Koplo Ma naye alijaribu, kwanza mkono wa kulia, halafu wa kushoto, akijizungusha kwenye korido kama mbwa anayetafuta mkia wake.

"Mchomaji Gamnae ni mmoja tu," Pyo alisema. "Nani kamchoma mchomaji?"

Bibi Cheon alikuwa amelala sakafuni kwenye joto, blanketi mbili juu yake, na bado meno yaligongana. Pyo alichuchumaa.

"Bibi, nani alikuchoma mgongoni?"

"Hakuna. Wa kunichoma mimi hajazaliwa."

"Bibi Noh hakukuchoma?"

"Bun-i?" Kitu kama kicheko kilimtoka. "Bun-i aliogopa moto. Nikimchoma alikuwa anajifunika uso kwa sketi, anaimba kwa nguvu asisikie ngozi yake inavyolia. Kumpa yeye kijiti cha ubani angechoma nyumba."

"Una kidonda mgongoni."

"Sina. Mgongo hauniumi."

"Vidonda vya namna hiyo haviumi. Bibi Noh alikuwa nacho, na wewe unacho, na hakuna aliyekichoma. Mlikwenda wapi nyinyi wawili?"

Bibi Cheon alifumba macho.

"Bibi, naulizia nyasi tu. Mlikaa wapi kwenye nyasi?"

"Nimeshasema nimemuua. Unataka nini zaidi?"

"Ukinyamaza utakufa."

"Wazee hufa."

"Hilo si jibu."

"Ndilo nililo nalo."

Walimpeleka hospitali kwa gari la polisi, amelazwa kiti cha nyuma, kichwa kwenye mapaja ya Mama Yong-ju. Daktari Yeo alimgeuza, akaangalia mgongo, akamulika kwa tochi ndogo. Aliangalia kwa muda mrefu. Kisha akamfunika na kutoka nje, akafunga mlango nyuma yake.

"Ni mtu wa moto," alisema. "Cheche huruka."

"Ndani ya nguo? Katikati ya mabega?"

"Nitampa penisilini."

"Ile uliyompa Bibi Noh?"

Daktari alitazama mlango alioufunga.

"Ilimsaidia?"

"Nisikilize." Daktari Yeo alishusha sauti. "Nikisema huyu ni utitiri, nimesema na yule alikuwa utitiri. Cheti cha kifo cha yule nimekisaini mimi. Nimeandika moto, na mwanawe yuko ofisi ya wilaya, na ofisi ya wilaya ndiyo inayolipa mkaa wa hospitali hii. Sitakiri kosa kwa kubahatisha. Niletee nyasi. Niambie mahali walipokaa, wote wawili, pamoja. Ukiniletea hilo namwachisha penisilini nampa doksi, dawa ya homa hiyo, papo hapo."

"Na nikichelewa?"

"Yule mwenzake alifika hapa akiwa katika hali kama ya huyu," daktari alisema. "Siku ya pili hakunitambua."

Pyo alimwacha Mama Yong-ju kando ya kitanda, akamwambia Ma awashe gari.

Nyumba ya Bibi Cheon ilikuwa chumba kimoja na jiko. Harufu ya pakanga ilikuwa imeshika hadi kwenye karatasi za madirisha. Pyo aliinua vyungu, akafungua kabati, akachungulia chini ya kibaraza. Huko chini, nyuma ya kuni, palikuwa na mundu uliofungwa katika gunia. Aliufungua. Makali yalikuwa yamenolewa karibuni, na utomvu wa nyasi ulikuwa umekauka kijani kwenye shina la chuma.

"Ana shamba?" aliuliza.

"Hana hata bustani, afande," Ma alisema. "Watu humletea mchele."

"Ana kaburi la ukoo?"

"Ana ukoo? Alikuja Gamnae akiwa mjane peke yake. Mimi sijazaliwa."

Mtu asiyekuwa na cha kufyeka alikuwa na mundu wa kufyekea. Pyo aliurudisha kwenye gunia na kulibeba.

Nyumba iliyofuata, Mama Gap-su alikuwa ameketi uani akimenya vitunguu saumu, pilipili nyekundu zimeanikwa kwenye mkeka pembeni yake.

"Msikanyage pilipili zangu," alisema kabla ya salamu. "Serikali au si serikali."

"Mama Gap-su, Bibi Cheon na Bibi Noh walikuwa na kawaida ya kwenda mahali pamoja?"

"Wale? Kila mwaka. Sikukuu ikishapita, wanaume wameshamaliza makaburi, mlimani hakuna mtu, wale wawili hao, asubuhi, na kifurushi. Nikiuliza, tunakwenda kuokota matunda ya mwaloni, tupike jeli."

"Na mwaka huu?"

"Na mwaka huu. Nikawaambia, nyinyi wazee mtateleza huko Mlima wa Tanuri mkafie kwenye majani. Mama Gi-taek akacheka. Sasa tazama." Alitupa kitunguu kwenye beseni. "Lakini Mungu anisamehe, nitasema. Walikuwa wachoyo."

"Wachoyo?"

"Jeli! Miaka yote hiyo wanakwenda kuokota matunda ya mwaloni, umewahi kuniona mimi na kipande cha jeli? Mimi huwapelekea kabeji ya pilipili, huwapelekea maharage. Nasubiri jeli. Hakuna. Hata harufu ya kuipika sijaisikia, na jiko lao liko hapa, puani mwangu."

"Walirudi na hayo matunda?"

Mama Gap-su alisimamisha kisu. Alifikiri.

"Walirudi na kifurushi kitupu," alisema. "Na Mama Gi-taek nyasi zimemshika hadi kwenye nywele."

Pyo alikuwa ameshageuka. Duka la kijiji lilikuwa na simu. Alipiga hospitalini, akasubiri, akasikia daktari akiitwa mara mbili.

"Mlima wa Tanuri," alisema. "Wote wawili, pamoja, baada ya sikukuu. Kuna shahidi. Walirudi na nyasi kwenye nywele."

Pyo alisikia bakuli likiwekwa juu ya kitu.

"Doksi," Daktari Yeo alimwambia mtu aliyekuwa karibu naye. "Acha penisilini. Lete doksi. Sasa." Kisha simu ikakatwa.

Ma alinunua biskuti, akampa mkubwa wake moja. "Tumemaliza, afande?"

"Matunda ya mwaloni huokotwa kwa mkono," Pyo alisema. "Mundu ulikwenda kufanya nini?"

Walipanda kwa njia ya wakata kuni. Tanuri lenyewe, la vyungu, lilikuwa limebomoka zamani. Juu yake mialoni mifupi ilikuwa imesongamana, na makaburi ya koo za Gamnae yalikuwa upande wa jua, vichuguu vya udongo vya mviringo vilivyofyekwa kabla ya sikukuu na ambavyo sasa nyasi zilikuwa zimeanza kuota upya, urefu wa kidole. Pyo aliyapita. Alizunguka hadi upande wa kivuli, ambako hakuna mtu anayemzika mtu wake kwa hiari.

Kichuguu kilikuwa chini ya mwaloni, kidogo, hakifiki gotini. Hakikuwa na jiwe. Nyasi zake zilikuwa fupi kuliko za makaburi yote ya upande wa pili. Zilikuwa zimekatwa karibuni, na zilikuwa zimekatwa kwa mkono usio na nguvu, hapa chini, pale juu. Kando yake nyasi ndefu zilikuwa zimelala sehemu mbili, mahali ambapo watu wawili walikaa na kupumzika. Kichwa cha samaki mkavu wa sadaka kilikuwa kimebaki, ndege wameshakidonoa.

Koplo Ma alihema, akakaa chini.

"Inuka."

"Nimechoka, afande."

"Mwenzako alikaa hapo akafa. Inuka."

Ma aliruka juu, akajipigapiga suruali, akajipigapiga shingo, akavua kofia na kuikung'uta. Kisha aliona alipo, akatulia.

"Huku upande wa kivuli," alisema, "ndiko walikotupwa wale wa mwaka wa vita. Walioitwa wekundu, wakomunisti. Baba alinikataza kupita. Watu wa kwetu hawawataji."

"Huyu kuna mtu anamtaja," Pyo alisema.

Aliingiza ncha za suruali ndani ya soksi, akazunguka kichuguu mara moja, akashuka. Gunia lenye mundu alilirudisha chini ya kibaraza, nyuma ya kuni, alikolitoa.

Homa ya Bibi Cheon ilishuka kabla ya juma kuisha. Pyo alipofika wodini alikuwa ameinuliwa kwa mito miwili na alikuwa anatazama uji wa mchele bila kuula. Pyo aliketi.

"Mwendesha mashtaka ameifuta kesi ya kuua," alisema. "Iliyobaki ni ya leseni. Utaonywa. Si moto wako uliomuua."

"Ni nini basi?"

"Utitiri."

"Wa kuku?"

"Wa nyasi. Hauonekani kwa macho."

Bibi Cheon alilikoroga neno hilo pamoja na uji. "Nyasi za wapi?"

"Nimefika," Pyo alisema. "Upande wa kivuli. Kaburi lisilo na jiwe. Ni mumeo?"

Bibi Cheon aliweka kijiko chini.

"Mume wangu," alisema. "Kaka yake Bun-i."

Pyo alivuta kiti karibu.

"Bun-i ni wifi yangu. Walimchukua kaka yake mwaka wa vita, wakamrudisha kwenye gari la mkaa pamoja na wengine. Tulimvuta usiku, mimi na yeye, wasichana, tukamfukia. Baadaye Bun-i akaolewa na ukoo wa Eom, akawaambia hana kaka. Angefanyaje? Mtoto mwenye mjomba kama yule asingekalia hata kiti cha mfagizi pale ofisini. Nami nikahamia Gamnae nikawa jirani. Hivyo tu. Jirani."

"Gi-taek anajua?"

"Hajui. Na wewe huna mdomo." Alisema hivyo bila kuomba na bila kutisha. "Mwaka huu alikataa kwenda. Magoti. Akasema, wifi, tumwache mwaka mmoja, hatakasirika. Nikasema nyasi zitamfunika. Nikamkalisha nikamchoma magoti yote mawili, yakalainika. Akapanda mlima kama mbuzi, ananicheka mimi niliyebaki nyuma."

Alisukuma bakuli.

"Sasa niambie tena si moto wangu."

Pyo alilishika bakuli lisianguke kitandani.

Mlango ulifunguliwa. Eom Gi-taek aliingia na kofia mkononi, kitambaa cha katani bado kifuani. Hakumsalimu mtu. Alimtazama Pyo peke yake.

"Daktari amenipigia. Anasema mama alikuwa kwenye nyasi, Mlima wa Tanuri. Mama yangu hana mtu Mlima wa Tanuri. Alifuata nini?"

Pyo alitazama kitanda.

"Matunda ya mwaloni," Bibi Cheon alisema.

"Sikukuuliza wewe."

"Nilitamani jeli ya mwaloni, Baba Jin-u. Yeye hakutaka. Nikamburuta."

"Jeli." Gi-taek alisema neno hilo kama mtu anayeonja kitu kilichochacha. "Jeli inauzwa sokoni. Kila meza. Kila siku. Umemwua mama yangu kwa jeli?"

"Ndiyo."

"Inspekta, ni kweli haya?"

"Jirani yenu, Mama Gap-su, alisema walikuwa wanakwenda kuokota matunda ya mwaloni," Pyo alisema. "Kila mwaka."

Kofia ilikuwa imekunjika mkononi mwa Gi-taek. Aliinyosha kwa kiganja, taratibu, hadi ikarudi umbo lake.

"Sheria imekuachia," alimwambia Bibi Cheon. "Sawa. Lakini kaburini kwa mama yangu usikanyage. Siku ya arubaini na tisa ya msiba usije, mwakani usije. Nitalifyeka mwenyewe, mimi na wanangu. Mkono wako usiguse hata jani moja pale."

"Sawa, Baba Jin-u."

Aligeuka. Alikuwa ameshashika kitasa cha mlango.

"Baba Jin-u."

Alisimama, mgongo kwao.

"Ukienda kufyeka," Bibi Cheon alisema, "chomekea suruali ndani ya soksi. Wewe na watoto. Na msikae chini."